Kimlango cha Maiti

Yule mwanamke mwongoza wageni hupanda mtaa wetu kinyumenyume, uso kwa watu wake, wala hajikwai. Kiganja chake hupigapiga kuta kama mtu anayemtuliza punda wake, na sauti, iliyokwaruzwa na msimu mzima, husikika hadi kwa mwoka mikate. Miaka kumi na tisa amekuwa akisimama nyumbani kwa mzee Nazzareno, mbele ya kimlango chembamba kilicho kando ya mlango mkubwa, akiapa kwamba watu wa kale wa hapa Umbria, Italia, walikifungua kupitisha jeneza tu. Na kila mara Ersilia, mke wa Nazzareno, alimfokea toka dirishani, “Muongo wewe! Hapo palikuwa na ngazi!” Wageni wakacheka, naye mwongozaji akamrushia busu.

Wiki iliyopita Ersilia alitolewa akiwa ndani ya jeneza, kwa mlango mkubwa. Leo Nazzareno, kitini pake nje, alisikia kundi likija. Hakutaka kabisa kusikia habari za jeneza, lakini walifika kabla hajainuka. Mwongozaji alipomwona, mkono ulibaki hewani.

“Hapa palikuwa na ngazi ya kupandia juu,” alisema polepole. “Basi.” Akaondoka, safari hii akitazama mbele.

Nazzareno akaona afadhali jeneza kuliko hivyo.

“We binti!” aliita. “Ngazi ndiyo nini? Watu wametoka mbali hawa. Mke wangu alikuwa akiacha sufuria iungue asikose uongo wako. Hebu danganya vizuri!”

Mwongozaji akawarudisha wote, akaanza na jeneza.