Jumamosi Tuliyoanzia kwa Fundi Mgoa

Ningemjibu mwalimu hapana. Nilikuwa na miaka kumi na sita, nimesimama mbele ya cherehani ya fundi Mgoa, mwisho wa Mtaa wa Wahindi pale Shinyanga mjini, na mwalimu wetu wa jiografia akaniuliza swali jepesi kabisa: "Leo tukianzia huku mwisho, halafu turudi nyuma, haiwezekani?" Nikasema inawezekana. Nimesema mambo mengi ya kipumbavu maishani, lakini hilo ndilo ninalotamani mtu angeniziba mdomo nisiliseme.

Lilinirudia mwezi uliopita. Mjukuu wangu wa kike alinisogezea simu yake nione video ya watu wa Ulaya wakitembezwa kwa miguu katika mtaa wa zamani wa Wayahudi, kwenye mji mmoja wa huko. Mama mmoja yuko mbele na mwavuli mwekundu, kundi linamfuata. Wanasimama mlango huu wanaonja mkate, mlango ule wanaonja samaki, wanamalizia kwenye chumba cha chini wanainua glasi za mvinyo.

"Babu, ona, watu wanalipa kutembezwa wakila!"

"Na wenye mtaa wako wapi?"

Akasoma maandishi ya chini. "Wanasema wengi hawapo tena."

Nikamwambia kazi hiyo niliifanya mimi kabla mama yake hajazaliwa. Akacheka. Alidhani ni utani wa uzee.

Haukuwa utani, rafiki yangu. Mwishoni mwa miaka ya sitini sisi tulipanga chumba cha uani katika mtaa ule. Baba alikuwa kibarua kwenye kinu cha kuchambulia pamba, na mama, mzaliwa wa Tinde, alileta maziwa ya ng'ombe wa ndugu zake na kuyagawa kwa nyumba za Wahindi. Msimu wa pamba ulipofika, nyuzi nyeupe zilipeperuka hadi kwenye vibaraza na kunata kwenye mapazia. Asubuhi mtaa ulinuka bizari na ubani, mchana mafuta ya moto. Ungefumba macho ukajua uko mlango wa nani kwa pua tu.

Milango mitatu kutoka kwetu aliishi bibi mmoja Mhindu, mjane, ambaye mtaa mzima ulimwita Ba. Kwao neno hilo ni mama. Alikuwa ameuza kaniki na chumvi dukani kwa miaka mingi sana hata Kisukuma chake kilikuwa kizuri kuliko Kiswahili chake. Mimi alikuwa akiniita *ng'wanone*, mwanangu, kama mama alivyoniita. Mama alipomletea maziwa walikaa kizingitini wakasengenya kwa Kisukuma mpaka maziwa yakapoa, na wapita njia waligeuka kutazama.

Sasa sikiliza jambo hili, maana ndilo lenyewe. Jiko la Ba halikuingiwa na mtu wa nje. Hapakuwa na nyama wala yai wala pombe mle ndani. Kwenye kona palikuwa na jiwe lililochongwa, na juu yake mtungi wa maji ya kunywa, na kila jioni Ba aliwasha taa ndogo ya samli kando ya mtungi ule kwa ajili ya wazee wake waliokufa. Mgeni alikula kibarazani na kumiminiwa maji kutoka juu, bila bomba la birika kugusa midomo. Mimi peke yangu, katika watu wote wasio wa ukoo wake, niliingia. Nilinawa miguu uani, nikaketi kwenye kigoda, nikasukuma chapati nyembamba kama karatasi, na ya kwanza kuiva ilipakwa samli nikapewa mimi. Wenzake walimsema. Niliwahi kumsikia jirani akimwambia, "Ba, siku moja mtoto huyu atakuletea aibu." Ba akamjibu, "Wewe nachunga jiko yako. Mimi nachunga yangu."

Mwalimu wa jiografia alikuwa mgeni, kijana, na alipenda kujua kila kitu. Aliposikia ninakoishi aliniomba nimtembeze yeye na walimu wenzake wa kigeni waonje vyakula vya mtaa. Nilikwenda kwanza kwa Ba kumwomba ruhusa. Alifikiri, kisha akanipa utaratibu, akihesabu kwa vidole. Kwanza kwake, asiyekula nyama. Pili kwa mzee wa hoteli, Mwislamu, anayekula nyama lakini hanywi. Mwisho kwa fundi Mgoa, Mkatoliki wa asili ya Goa kule India, anayekula vyote na kunywa. "Ukienda hivyo, hakuna mtu nakasirika," alisema. "Ukirudi kinyume, unabeba uchafu wa huyu mpaka kwa huyu."

Tulifanya hivyo Jumamosi nne au tano, alasiri. Nilivaa shati la shule lililopigwa pasi ya mkaa na kutembea mbele nikieleza kwa Kiingereza changu cha kidato cha pili. Kwa Ba walipewa gathia, zile tambi kavu za unga wa dengu, bajia za vitunguu na jalebi zinazochuruzika sukari. Kwa mzee wa hoteli, sambusa za nyama na chai ya tangawizi iliyomiminwa kutoka kikombe hadi kikombe mpaka ikatoa povu. Kwa fundi tuliketi kati ya suruali zilizotundikwa, naye akatoa chini ya meza mvinyo wake wa zabibu kavu, aliotengeneza mwenyewe kwenye chupa kubwa za kioo, akasema kila mara, "Huu ni wa Krismasi, lakini Krismasi iko mbali." Wageni walipiga makofi. Na mimi, usinicheke, nilijiona mtu mkubwa.

Jumamosi ile, tulipopita kwake tukitoka shuleni kwenda kwa Ba, fundi alikuwa amesimama mlangoni akitusubiri. "Leo saa kumi naenda kanisani, tunafanya mazoezi ya kwaya. Mkija mwisho mtakuta kufuli."

Ningesema basi, leo hakuna mvinyo. Ningesema njooni wiki ijayo. Lakini mwalimu alikuja na wageni wapya sita, na alikwisha kuwasimulia juu ya mvinyo ule, akanitazama kama kiongozi wa msafara. Nikasema inawezekana.

Walikunywa. Kulikuwa na jua kali na mvinyo ulikuwa mtamu, wakaomba tena. Fundi akampa mmoja wao, bwana mrefu mwenye kofia ya majani, kikombe cha bati akamalizie njiani.

Mzee wa hoteli alitunusa kabla hatujafika. Akatuwekea benchi nje. "Kaeni hapa, ndani joto," alisema kwa adabu, kisha akanivuta pembeni. "Wewe, umeanza kunywa kabla ya kula? Mbona mnanuka hivi?"

"Ni leo tu, mzee. Fundi ana safari."

"Kwa Ba usiwapeleke. Waambie anaumwa. Waambie amekwenda Kahama. Waambie chochote."

"Amekwisha pika."

"Basi chakula kitaliwa na watu wengine! Kijana, nakwambia, usiwapeleke."

Nikamwambia sawa, nikawapeleka. Mchana ule nilikuwa nimejaa sifa masikioni, na niliona aibu zaidi kuwaambia Wazungu tumeishia hapo kuliko kumkosea bibi aliyenilisha.

Ba alikuwa kibarazani, sahani zimefunikwa kwa kitambaa cheupe. Alitazama wageni, akatazama upande tuliokuja. Akaniuliza kwa Kisukuma, taratibu, ili wao wasione haya: mmetoka wapi?

Nikamjibu, "Tumetoka shuleni, Ba. Moja kwa moja."

Akakubali. Hakunusa, au alinusa akaamua kuniamini, sijui. Aliwakaribisha, akawamiminia maji mikononi, wakala. Jalebi zikaisha. Akaingia ndani kuongeza.

Bwana mwenye kofia alikuwa na kiu. Hakuwa mtu mbaya. Naapa hakuwa mtu mbaya. Alinyanyuka na viatu vyake, akamfuata ndani akisema asante sana, asante sana, kwa Kiswahili alichojifunza wiki ile. Nilikuwa najibu swali la mwalimu. Nilipogeuka nikamwona amesimama kwenye kona, amefunua mtungi, anachota maji kwa kikombe kile cha bati kilichokuwa bado na mvinyo mwekundu chini. Akanywa. Akachota tena.

Ba alisimama na sahani mkononi. Hakupiga kelele. Hakumtazama hata yule bwana. Alinitazama mimi, mlangoni.

"Nilikuuliza," alisema.

Wageni waliondoka wakimshukuru, hawajui lolote. Mwalimu alinipiga bega akasema leo imekuwa nzuri kuliko siku zote. Niliporudi, Ba alikuwa ameubeba mtungi mwenyewe hadi uani, yeye na magoti yake yale. Nikakimbia kumsaidia.

"Usiguse."

Akamwaga maji, akauvunja mtungi kwa mchi. Kisha akakaa chini kwenye tope la maji yale, akashika kichwa. Juu ya ukuta, jirani yake aliyekuwa akimsema alikuwa anatazama. Hakuhitaji kusema.

Kesho yake mama alinipeleka kuomba radhi. Alinisimamisha kama mtoto wa miaka mitano. "Ba, huyu ni wako na wangu. Mpige."

Ba akatikisa kichwa. Alisema mgeni hakumkosea, mgeni hajui. Alisema hata mtungi ni udongo, upo mwingine sokoni. "Lakini mtoto nimemuuliza na mdomo yangu, na yeye namjibu na mdomo yake." Basi. Akampa mama chai, wakaongea habari za mvua.

Nilidhani yamekwisha. Siku ya tatu nikanawa miguu nikaenda kwa mlango wa uani kama kawaida. Ulikuwa umefungwa. Nikazunguka mbele. Ba akatoka akitabasamu, akanionyesha kiti cha kibarazani, akaniletea sahani nzuri, ile ya wageni, na akanimiminia maji kutoka juu. Aliniuliza hali ya masomo. Aliniita kwa jina langu la shule. Chakula kilikuwa kitamu kama zamani, nami nikakiacha nusu.

Ikawa hivyo miaka minne. Kila nilipopita nilimwamkia, "Shikamoo Ba," akaitika "Marahaba" kwa sauti ya mtu anayemjibu mteja. Hakuwahi kunisema vibaya kwa yeyote, na hakunialika tena ndani. Nami, kwa kiburi cha ujana, sikuwahi kumwambia kwa maneno yangu mwenyewe kwamba nilidanganya kwa sababu niliwaonea wageni haya kuliko yeye. Nilisubiri siku itakayofaa. Nilipata kazi ya ukarani Kahama, na siku moja mama akanitumia salamu kwa dereva wa basi kwamba Ba amechukuliwa na binti yake ng'ambo, nyumba imeuzwa.

Majengo yapo bado. Kibaraza cha Ba kimezibwa kwa vioo, wanauza simu na betri za jua. Hotelini paliuzwa saruji mpaka biashara hiyo nayo ikahamia kwingine. Wengi wa watu wa mtaa ule wamekwenda, na vijana wanaopita pale hawajui kwamba palikuwa na namna ya kutembea mtaa ule, kutoka mlango gani kwenda mlango gani, ili mtu wa kila dini akuone umemheshimu. Aliyeijua namna hiyo vizuri kuliko wote alinifundisha mimi, nami ndiye niliyeivunja.

Hesabu yake ni fupi. Nilikuwa na mama wawili katika mtaa mmoja. Yule wa pili alisimama upande wangu dhidi ya watu wake mwenyewe, nami nikawathibitishia watu wake kwamba walikuwa sahihi. Kwa jibu moja la uongo nilimpoteza, na kwa miaka minne niliendelea kumwona kila siku, milango mitatu kutoka kwetu, akinikaribisha vizuri kama mgeni.