Kidude cha Mwimoni

Mimi hakuna kitu cha kunishangaza. Shule niliiacha mapema, lakini nimekarabati nyumba za watu kutoka Gaithersburg hadi Fairfax, huku Marekani, na ndani ya kuta nimekuta bastola, meno ya dhahabu, hata nyoka mzima. Ila mwaka huu vijana wangu walipoanza kukwangua rangi kuukuu ya mlango mmoja Silver Spring, ile harufu niliyoijua tangu utotoni iliponipiga tu nikawaambia waache kwanza.

Mlango ule ulikuwa wetu. Tulipanga pale nikiwa na miaka minane, miaka ya elfu mbili ndiyo kwanza inaanza, mtaa mkongwe wa Wayahudi unaonukia mikate kila Ijumaa. Kwenye mwimo wa kulia palikuwa na kidude cha bati, kirefu kama kidole, kimekaa upande, rangi juu ya rangi. Na kila Ijumaa mzee mmoja wa kofia nyeusi alikuja, hapigi hodi, anakigusa, anabusu vidole vyake, anakwenda zake.

Mama, mtu wa Tanga, alimchungulia kwenye kitundu cha mlango, akamwambia baba: "Hirizi ile, Baba Hamisi. Anatufunga riziki."

"Si uitoe."

"Itoe wewe, mwanamume."

"Mimi nina teksi ya kuendesha. Mkono ukipooza, usukani nitaushika na nini?"

Hakuna aliyekigusa. Mama akaanza kufunga mizigo. Ijumaa ya mwisho akaufungua mlango ghafla, kwa Kiingereza chake cha kuokoteza: "Babu, unatafuta nini kwetu?"

Mzee alirudi nyuma. Akaeleza taratibu kwamba mle ndani mna maneno ya Mungu. Alikipigilia mwenyewe siku alipomleta mkewe nyumba hii. Mke kafa, nyumba imeuzwa. "Napita kusalimia tu."

"Maneno ya Mungu ndiyo hirizi yenyewe," mama alituambia. Tukahama.

Miaka mingi baadaye nilimpeleka mama Tanga. Nyumba ya baba yake ilikwisha uzwa. Hakupiga hodi. Aliweka kiganja kwenye mlango wa watu, akakibusu, na pazia la dirishani likasogea. Kuna mtu alikuwa anatuchungulia. Hapo ndipo nilipomwelewa yule mzee.

Basi mwaka huu, pale Silver Spring, nikawaambia vijana waukate mwimo mzima, na kidude chake, nimpelekee mama. Mwenye nyumba, alipoona mti mbovu nautaka hivyo, akashuku una dhahabu ndani. Sikumlaumu. Nikalipa dola mia nne na kumi na mbili.