Nyumba Yetu Katika Ramani Yao

Kwa miaka michache nilihariri ramani za jarida la wataalamu waliodai kwamba wanaufikia ulimwengu mwingine, ulio sambamba na huu wetu. Sikuwaamini hata kidogo. Kilichoniudhi zaidi ni uvivu wao wa kuandika sawasawa majina ya mitaa.

Walikuwa na kanuni moja tu niliyoiheshimu, kwa kuwa ilifanana na adabu ya kwetu pwani. Mpimaji wao akiwa huko hupiga hodi mara tatu katika kila nyumba, asipoitikiwa huondoka. Akiitikiwa, huandika pembeni mwa ramani ni nani aliyemwitikia.

Asubuhi moja nikaletewa ramani ya Tanga ya huko kwao. Niliipitia kwa kalamu nyekundu mpaka mtaa wa Makorora, nikaiona nyumba yetu. Mimi nimeitia kufuli tangu mama alipofariki, naye hakuzaa mwingine ila mimi. Pembeni mpimaji alikuwa ameandika: "Hodi ya tatu aliitikia mama mtu mzima. Alinikaribisha barazani akaniomba nimsubiri. Ilikuwa Alhamisi jioni, alikuwa akimsomea Yasini mwanawe wa pekee, marehemu."

Nilitaka kuandika kwamba hilo ni kosa, lakini nikaifunika kalamu.

Kila Alhamisi jioni mimi humsomea mama Yasini. Siku hizi naisoma kwa sauti ya chini, na nikifika mwisho siufungi msahafu. Nasubiri kwanza, naye amalize.