Siku Nilipoazimwa na Timu ya Mbale

Niliingia timu ya raga ya wasichana chuoni Jinja kwa sababu nilikuwa mgeni na sikuwa na mtu wa kula naye. Kwetu ni Mbale. Baba ni askari magereza, na katika nyumba za magereza tulikokulia, Kiswahili ndicho kilichotuunganisha na majirani kutoka kaskazini. Wenzangu wa Jinja walikicheka, maana kwao Kiswahili ni lugha ya askari. Waliniita "afande".

Aliyefurahi ni kocha, sajini mstaafu aliyekuwa akiishi Kimaka. Alifundisha kwa Kiswahili cha jeshini, nami nikawa mkalimani wake.

"Ambia hawa," alikuwa akisema, "mwenzako naanguka, hapana kimbia. Rudi, simama juu yake, linda mpira!"

Nilitafsiri kwa uaminifu, lakini haikusaidia. Mechi ya kwanza tulifungwa mpaka mwamuzi mwenyewe akaanza kututia moyo. Ya pili ikawa vilevile. Ya tatu ilichezwa nyumbani, Mpumudde, baada ya mvua. Nilidaka mpira, nikakimbia, na msichana mmoja mnene akaniinua akanibwaga kwa bega. Nilisikia mfupa ukialika kabla sijasikia maumivu. Mtulinga, ule mfupa kati ya shingo na bega, ulikuwa umevunjika.

Hospitalini walinifunga mkono kifuani. Nilikaa kitandani bwenini nikilia, maana hata sidiria sikuweza kuivaa mwenyewe, na nyumbani niliogopa kwenda. Mama alikwisha sema kuwa raga ni mchezo wa wanaume waliokosa kazi. Ndipo akaingia nahodha wetu, msichana mrefu wa Bugembe ambaye mpaka siku hiyo tulikuwa hatujazungumza lolote nje ya uwanja. Alifungua sanduku langu, akaanza kutia nguo zangu kwenye begi lake.

"Unafanya nini?" nikamuuliza.

"Twende kwetu."

Mama yake alikuwa akikaanga chapati kando ya barabara kuu iendayo Iganga. Alinipokea kama mtu aliyekuwa ananingoja. Kila asubuhi alinisalimu kwa Kisoga, nami nikajibu ovyo, naye akacheka akaniongezea chai. Nahodha aliniogesha, akanifulia, akanisuka nywele, na jioni akanimenyea viazi vitamu. Sikuwahi kumsikia akiguna. Nikajikaza nikampigia mama yangu simu, nikamweleza nilivyovunjika.

Mama akauliza, "Nani anakuogesha?"

"Nahodha wetu."

"Mtoto wa nani?"

"Wa mama mmoja hapa Bugembe."

"Mwambie Mungu ambariki," akasema, akakata.

Mechi ya mwisho ya msimu ilikuwa Mbale. Mfupa ulikuwa umeunga na daktari alikuwa ameniruhusu kucheza. Tulipofika tukakuta wenyeji ni pungufu, baadhi yao wakiwa kwenye mitihani, na kocha wao akaja kuomba aazimwe mchezaji mmoja ili mechi isivunjike. Kocha wetu akatutazama, akaninyooshea kidole.

"Wewe. Hapa ni kwenu. Nenda."

Nilivaa jezi yao machozi yakinilenga. Kando ya mstari alisimama mama na mwavuli wake, ingawa mawingu yote yalikuwa yamebaki juu ya mlima Wanale.

Mchezo ulipoanza nikaona jambo lililoniumiza zaidi. Rafiki zangu walikuwa wananikwepa, wakiogopea bega langu. Kila nilipoushika mpira walinizunguka kama yai, wakanigusa kiunoni kwa vidole, wakaniachia njia. Hivyo ndivyo nilivyofunga trai, yaani bao la raga, pekee maishani mwangu, dhidi ya chuo changu mwenyewe, na sikuifurahia.

Kipindi cha pili nikaupata mpira tena. Mbele yangu alikuwa nahodha. Hakunikwepa. Alishuka chini, akanifumbata mapaja kwa nguvu zake zote, tukaanguka wote wawili. Nikalala kifudifudi, pumzi imenitoka, nikisubiri maumivu ya bega. Hayakuja. Nikaanza kucheka kwenye nyasi.

Mama hakucheka. Aliingia uwanjani na mwavuli wake, mwamuzi akipiga filimbi nyuma yake.

"Wewe msichana! Unataka kuniulia mtoto?"

"Mama," nikasema nikiinuka, "ndiye huyu. Wa Bugembe."

Mwavuli ukashuka. Mama alimtazama nahodha kuanzia viatu vyenye matope hadi usoni, akamshika mikono yote miwili. "Mulembe, mwanangu," akamwambia. Hiyo ndiyo salamu yetu ya amani. Mwamuzi alilazimika kuwaomba mara mbili waachane ili mchezo uendelee.

Chuo chetu kilishinda siku ile, kwa trai moja zaidi. Ndio ushindi pekee tulioupata msimu mzima, na mimi nilikuwa upande wa walioshindwa. Wenzangu walinibeba hata hivyo. Kocha alinipigia saluti, akasema, "Adui mbaya sana wewe!" Baadaye mama alifunua sufuria la malewa, machipukizi ya mianzi aliyoyapika kwa karanga, tukala timu zote mbili tumekaa nyasini. Sahani ya kwanza alimpa nahodha.

Sasa nahodha anafundisha shule huko Iganga, mimi nafanya kazi Mbale. Mama hupanda gari kwenda Bugembe bila kuniaga, na akirudi huja na chapati zimefungwa kwenye gazeti na habari za watu wa kule ambazo mimi mwenyewe sijazisikia.