Kigari Kilichozima Chini ya Maua

Baba yangu alikuwa mkaguzi wa mizani na vipimo kwa muda wote wa utumishi wake serikalini. Alizunguka masoko na vituo vya mafuta vya Morogoro na mkoba wa mawe ya kupimia, na alichojifunza huko ni kwamba kipimo chochote, ukikitazama kwa makini, utakikuta kinadanganya. Alipokuja kuishi nasi ughaibuni, mjini Mansfield, magoti yakiwa yameshamkatalia, tulimnunulia kigari cha betri, kile chenye kiti, usukani na kikapu mbele. Karibu na usukani kuna mshale mdogo wa kuonyesha chaji. Mshale ukiwa kwenye kijani, unaendelea na safari. Ukiingia kwenye nyekundu, unageuza.

Kwa majuma kadhaa mshale ule ulikuwa unaangukia kwenye nyekundu kabla Baba hajafika mwisho wa mtaa.

"Baba, hizi betri zimechoka," mume wangu alimwambia. "Tuzibadilishe kabla ya safari ya Houston."

"Betri ni nzima. Kinachodanganya ni kipimo."

"Umejuaje?"

"Kinaanguka haraka mno. Ningekikamata hata nikiwa nimelala."

Mume wangu ni mfamasia na ni mtu mpole. Akanitazama mimi. Mimi nikatazama chai yangu. Basi tukakifunga kigari nyuma ya gari, na betri zake zilezile, tukashika barabara kuu namba arobaini na tano kuelekea kusini. Tulikuwa tunaenda Missouri City, pembeni mwa Houston, kwenye harusi ya binti wa rafiki wa Baba wa tangu ujana. Upande wa bwana harusi walikuwa watu wa Bukavu, na sherehe ilikuwa ni ya pande zote mbili: pilau la kwetu, sombe ya kwao, yaani kisamvu, na mshereheshaji Mkenya ili asionekane mtu kapendelewa.

Ukumbi ulikuwa kwenye safu ya maduka, kati ya saluni na ofisi ya bima. Mlangoni wapambaji walikuwa wamejenga tao la maua meupe, wakalifunga kwa nyaya kwenye nguzo mbili, wakaondoka zao. Njia iliyobaki ilitosha watu wawili wembamba walioshikana mikono. Baba alivaa suti yake ya kijivu na kofia ya kushonwa kwa mkono aliyotuzwa siku aliyostaafu. Akakielekeza kigari chake kwenye tao, akaingia, na alipofika katikati kabisa, kikazima.

Hakikutoa hata mlio. Kilisimama tu, kama mtu aliyekumbuka jambo.

Watu wengi hawajui kuwa kigari cha namna hii kikikosa umeme, breki inajifunga yenyewe, magurudumu hayazunguki mbele wala nyuma. Kuna kishikio cha nyuma cha kuifungua ili kisukumwe. Cha kwetu kilikuwa kimekatika siku nyingi, na hatukuwahi kukihitaji. Mume wangu na vijana wawili wa upande wa Bukavu walijaribu kukinyanyua. Tao liliwanyima pa kushika ubavuni, kwa hiyo mmoja akashika kikapu cha mbele akavuta kwa nguvu zake zote. Kikapu kikabaki mkononi mwake. Akamkabidhi Baba kwa mikono miwili, kwa heshima, na Baba akakipakata.

"Baba, shuka kwanza," nilimwambia.

"Siwezi kuacha chombo njiani kikapigwa na watu."

"Kimezima, Baba. Hakiendi popote."

"Ndiyo maana nakaa nacho."

Wageni walikuwa wameanza kufika. Walimkuta mzee wa kofia na suti, amekaa chini ya maua, ana kikapu mapajani, na wote wakaelewa jambo moja: kwamba ni mzee aliyewekwa mlangoni kuwapokea. Wakainama. "Shikamoo, mzee." "Marahaba. Piteni upande wa jikoni," Baba alijibu, akiwaonyesha kwa fimbo. Wakazunguka nyuma ya jengo, wakapita kati ya masufuria ya pilau na wapishi, wakatokea ukumbini wakinukia bizari. Hakuna aliyeuliza kwa nini. Wengine waliweka kadi zao za pongezi kwenye kikapu.

Wa kwanza kukasirika alikuwa mama mkubwa wa bwana harusi, mama mnene aliyevaa sare ya kitenge cha zambarau na viatu vya dhahabu.

"Papa," akasema, "hii kitu yako iko nafunga mulango. Bibi-arusi atapita wapi?"

"Atapita hapahapa, mama. Kimepumzika kidogo."

Mshereheshaji naye akatoka na kipaza sauti chake. "Mzee wetu, tuko na programme. Hii kitu haiwezi sogea hata kidogo tu?"

Mume wangu akasema kinachohitajika ni betri mpya. Mama mkubwa akasema anaijua Houston yote, nimfuate. Nikaendesha mimi, yeye kando yangu, akinielekeza kwa mkono uliojaa bangili, mara nyingi baada ya kona kupita. Dukani, kijana wa kaunta alitutazama nguo zetu akauliza kwa Kiingereza kama tuna sherehe. "Arusi," mama mkubwa akajibu, akaweka kidole kwenye betri tuliyoonyeshwa. Kijana akatupongeza, akatutolea mbili, maana kigari kinatumia mbili zinazofanya kazi pamoja.

Betri zile ni nzito kama mawe ya kusagia. Tuliziweka kiti cha nyuma kwa sababu kwenye buti mlikuwa na keki za wageni ambazo tulikabidhiwa tukiwa tunaondoka, wala sijui ni nani aliyetukabidhi. Nilipowasha gari likaanza kulia: ti, ti, ti. Lilidhani nyuma kuna watu ambao hawajafunga mkanda. Tukavumilia mpaka taa ya pili ya barabarani.

"Tubafunge mukanda, kama batoto," mama mkubwa akasema. Tukasimama pembeni, akashuka na viatu vyake vya dhahabu, akazifunga mkanda moja moja. Gari likanyamaza. Njia yote iliyobaki alikuwa akigeuka nyuma kuziangalia, na kwenye kona alinyoosha mkono kuzishikilia.

Tuliporudi, Baba alikuwa amekubali kuhamia kwenye kiti cha ukumbi chenye kitambaa cheupe na utepe mkubwa mgongoni. Alikiweka palepale, nusu hatua kutoka kwenye kigari, akaendelea kupokea wageni. Mume wangu alikuwa amevua koti na kupiga magoti kwenye zulia jekundu. Kumzunguka walisimama wanaume wasiopungua wanane, kila mmoja na maoni yake. Mmoja alitaka tuvute umeme kutoka kwenye gari la maharusi. Mwingine, mhasibu, alisema hajawahi kufungua kitu kama hicho, ila kwa mantiki tu tungeanza kwa kukilaza ubavu.

Kiti kikatoka. Kifuniko cha plastiki kikatoka. Chini yake zilikuwepo betri mbili na nyaya, na hapo ndipo mabishano yalipopamba moto, kwa sababu waya mmoja ulitoka kwenye kichwa chekundu cha betri hii ukaenda kwenye kichwa cheusi cha betri ile.

"Huo umekosewa. Nyekundu kwa nyekundu."

"Ukifanya hivyo utatuchoma sote na maua."

"Basi tupige picha kabla hatujagusa," mume wangu akasema.

Neno picha lilimfikia mpiga picha wa harusi, aliyekuwa amekaa bila kazi muda wote. Akaja na kamera zake mbili na msaidizi wa kushika taa. Alipiga nyaya zile kutoka juu, kutoka pembeni, kwa mbali na ua likiwa mbele limefifia. Akamwomba mume wangu aweke mkono kwenye betri, atazame kushoto, asitabasamu. Picha hizo baadaye ziliingia kwenye albamu ya maharusi, kurasa mbili nzima, kati ya kanisani na kukata keki.

Betri ya kwanza ilitoka vizuri. Ya pili ilikuwa imevimba tumbo, ikang'ang'ania ndani kama jino. Ubao haukusaidia, bisibisi ikapinda. Shangazi wa bibi harusi akafungua mkoba wake, akatoa kanga mpya aliyokusudia kumtunza bibi harusi, akaipenyeza chini ya betri. Wanaume wawili wakashika ncha huku, wawili huku, wakavuta. Ilipochomoka, wanawake waliokuwa mlangoni wakapiga vigelegele. Nadhani hawakukusudia. Ilikuwa ni ahueni tu.

Ndani, DJ alisikia vigelegele.

Alikuwa ameambiwa kitu kimoja tu: ukisikia vigelegele mlangoni, piga wimbo wa kuingia maharusi. Akaupiga. Mshereheshaji, aliyekuwa jikoni akijionjesha nyama, akasema kwenye kipaza sauti kwamba wote wasimame. Wakasimama, zaidi ya watu mia mbili, simu juu. Na kwa kuwa mume wangu alikuwa anatafuta pa kuitua ile betri iliyovimba mbali na watoto, aliyeingia ukumbini akakutana na muziki, taa na makofi alikuwa ni yeye, bila koti, amebeba kifuani kitu kilichofungwa kwa kanga.

Aliniambia baadaye kwamba alifikiria kurudi nyuma, lakini ilionekana kama utovu wa adabu. Kwa hiyo akatembea. Akapita kati ya meza, polepole, akiitikia kwa kichwa kila aliyempungia. Akafika mbele, akaitua betri kwenye meza ya kwanza aliyoiona, akatoka kwa mlango wa jikoni. Ile ilikuwa meza ya zawadi. Jumanne iliyofuata bibi harusi alinipigia simu kushukuru kwa yote, kisha akauliza, kwa uangalifu mkubwa, ile zawadi ya ndani ya kanga wanaitumiaje.

Wakati huo gari la maharusi lilikuwa limeshafika. Bibi harusi alibaki ndani akila sambusa kupitia dirishani, veli imefungwa juu isishike mafuta. Bwana harusi yeye hakuweza kukaa. Alikuja kuona kinachozuia sherehe yake, akamkuta mume wangu anahangaika kuunganisha nyaya na kutazama picha kwenye kamera kwa wakati mmoja. Akavua glavu zake nyeupe, akachukua spana. Ikawa mmoja anasoma picha, mwingine anafunga.

Baba aliwasimamia kutoka kwenye kiti chake cha utepe. "Kaza hiyo, kijana. Hapana, ya nyuma. Sasa usiipitilize." Bwana harusi akajibu, "Ndiyo, papa," kila mara.

Walipomaliza, Baba akarudishwa kitini pake kwenye kigari. Akazungusha ufunguo. Mshale ukapanda. Wote tukashusha pumzi, na mama mkubwa, ambaye hakuwa na subira tena ya programme, akaamua: papa yuko mbele, basi papa ataongoza, maharusi wamfuate, twende.

Kile kigari kina kitufe cha mwendo, upande mmoja kimechorwa kobe na upande wa pili sungura. Kwa heshima ya siku ile Baba alikiweka kwenye kobe. Tao, zulia, kisha njia nyembamba kati ya meza, na hapakuwa na mahali pa kumpita. Bibi harusi na bwana harusi walicheza nyuma yake. Wimbo ukaisha hawajafika nusu. DJ akaurudia. Wasimamizi walichoka kucheza wakawa wanatembea tu, wakicheka. Baba hakugeuka nyuma hata mara moja. Alikuwa amenyoosha mgongo, anapunga mkono kulia na kushoto, na nilipomtazama usoni nikaona kitu ambacho sikuwa nimekiona tangu atue nchi hii. Alikuwa anafanya kazi.

Alikaa meza kuu, kwa sababu hakuna aliyekuwa na moyo wa kumwambia ageuze. Alikula, akasinzia kwenye hotuba ya pili, akaamka kwenye keki.

Kesho yake tukiwa njiani kurudi, tumeshaipita Huntsville, akauliza kutoka kiti cha nyuma:

"Hivi bwana harusi mwenyewe alikuwa yupi?"

"Yule aliyekuwa ameshika spana, Baba," nikamwambia.

Akaweka mikono juu ya fimbo, akatazama misonobari inavyopita.

"Kijana mzuri," akasema. "Anasikia anapoelekezwa."

Mume wangu, aliyeelekezwa na mzee huyu miaka yote ya ndoa yetu, akawasha redio.