Mpaka wa Mwisho, Pale Mkuyuni

Kwetu Uluguru ardhi hufuata ukoo wa mama, na mume hulima shamba la mkewe. Mke wangu alifariki mwaka ule Wadachi walipofikisha reli Morogoro. Arobaini ilipokwisha, mdogo wake wa kiume alipanda mlimani kuniambia nirudi kwa ndugu zangu.

"Shemeji, umezeeka. Jana uliniita kwa jina la marehemu baba."

Nilikasirika. Ndugu gani? Waliobaki huko siwajui hata kwa sura. Nikamwambia anifuate nimwonyeshe mipaka yote; nikikosea mmoja tu, nafunga virago leo hii.

Tulianza kwenye jiwe jeupe, tukashuka na mfereji niliouchimba mwenyewe. Majina ya watu yalikuwa yakinipotea, lakini si matuta yale. Yeye, mwenye ardhi, ndiye aliyekuwa akiuliza, "Na hapa je?" Huko chini gari moshi lilipiga honi, sikugeuka.

Kwenye mpaka wa mwisho, pale mkuyuni, nilikaa kupumzika. Nikaita kuelekea nyumbani:

"Mama watoto! Mdogo wako amefika, tuletee maji!"

Kisha nikakumbuka. Niliinamisha kichwa, nikangoja aseme lile lililomleta.

Shemeji alishika njia ya nyumbani. Aliporudi alikuwa ameshika kata ya maji kwa mikono miwili. Alinipa, akangoja ninywe mpaka tone la mwisho.

"Maharage tunapanda lini?" akaniuliza.

"Kesho," nikasema. "Uje na jembe lako."