Siku Niliyojaza Simu Salamu

Nilisomesha chuo cha Kurani hapa mtaani Kuze tangu ujana wangu. Nilipopumzika, Mwenyezi Mungu akanipa kazi nyingine ambayo sikuitarajia: kupiga video. Hakuna aliyenifunza. Binti yangu aliniachia simu yake ya zamani, nikaharibu mengi, nikajua. Leo nimekusanya maisha mengi ya kisiwa chetu: wauza njugu wa Feri, makuli wa bandari ya Kilindini wakitawadha adhuhuri, jirani akipika wali wa harusi. Wanawake nawapiga mikono tu, labda mwenyewe aridhie uso wake uonekane.

Mikono niliyoitaka kuliko yote ilikuwa ya dada yangu mkubwa. Hushona kofia za viua, zile nyeupe za vitundu wanazovaa wanaume kwenda msikitini. Juu ya kila kofia huweka ua la majani manane alilofunzwa na mama yetu. Mimi nilishughulika na vitabu, sikulijua. Wakwe na wajukuu hawakulijua. Na dada alikuwa na presha ya macho. Daktari alimwambia wazi kwamba nuru iliyopotea hairudi.

Alibakiwa na kofia moja ya kumalizia. Akaniita kwake baada ya alasiri ili anishonee ua lile mbele ya simu.

Nikawasha, naye akatoboa kitundu cha kwanza. Mlangoni pakasikika, "Hodi!" Jirani. Akatoa salamu, nikaitikia, akauliza hali yangu, ya binti yangu, ya mguu wangu unaoniuma. Kwetu mtu akikusalimu humpi mgongo, basi nikamgeukia, simu mkononi ikiendelea kurekodi. Hajamaliza, akaingia shangazi wa mume wa dada. Tukaanza upya. Kisha mwenye kuleta kaimati, na mama yake nyuma yake.

Nilipomrudia dada, alikuwa akikata uzi kwa meno, ua limekwisha. Simu ikaandika kwamba imejaa.

Jioni ile tulitazama pamoja. Kitundu kimoja, kisha buibui, buibui, sahani ya kaimati, na sauti yangu ikisema alhamdulillahi mara nyingi mno.

"Mwalimu mzima," dada akasema, akicheka hadi akapangusa machozi. "Umekwenda kupiga kofia, umepiga habari za mguu wako!"

Nilicheka naye, lakini nilirudi kwangu na moyo mzito. Nikasali, nikamuomba Mola anifungulie njia, nikangoja.

Baada ya wiki chache nilikwenda na kipande cha kitambaa cheupe cha bafta, nikamwomba anishonee ua tupu, bila kofia. Alijaribu. Sindano ikapita pembeni ya kitundu, mara ya pili ikamchoma kidole. Akaiweka mapajani.

"Sioni tena, mdogo wangu."

Nikaegemeza simu kwenye mto, nikaiwasha, nikaichukua sindano mimi.

"Basi niambie. Nitashona."

"Wewe? Hata kifungo wapeleka kwa fundi."

"Niambie tu, dada."

Akaweka kidole chake juu ya changu. "Toboa hapa. Si hapo, huko ni kwa jani la pili. Zungusha uzi mara tano, usivute, utakunja kitambaa. Sasa pita chini. Chini, nimesema! Mama angekupiga kofi." Jani la kwanza lilitoka kama sikio la mbuzi. Akalipapasa. "Fumua."

Nikafumua. Mikono yake ilikuwa ikienda yenyewe miaka yote, na nadhani hata yeye hakuwahi kuyasema maneno yale. Siku ile ya kwanza, hata bila wageni, ningepata vidole vinavyokimbia kimya, na asiyejua asingejifunza kitu. Sasa kila hatua ilitamkwa, na kosa langu lilionekana na dawa yake ikasikika. Nilimshukuru Mungu moyoni, huku mkono ukiendelea kuzungusha uzi.

Tulikuwa tukimaliza jani la saba jirani alipobisha hodi. Nikaanza kuinuka. Dada akanibana mkono.

"Karibu!" akapaza sauti. "Waaleikumu salaam, sote wazima, binti yake mzima, mguu wake umepoa, alhamdulillahi. Kaa kitako, unyamaze. Mwalimu yuwasoma."

Jirani akaketi. Nikatoboa jani la nane.